Mwigizaji Asiyepewa Maneno

Mwigizaji wa kike akishasifiwa sura, husifiwa maneno: alivyomjibu mume, alivyolia mahakamani, alivyomtolea uvivu mama mkwe. Leo nataka kuwapima waigizaji wawili kwa dakika ambazo hawakuandikiwa neno hata moja. Wa kwanza ni Mfaransa, Michèle Girardon, aliyefanya kazi kaskazini mwa nchi hii muda mfupi kabla ya Uhuru. Wa pili ni Amandina Lihamba, ambaye Watanzania wengi humfahamu kama profesa wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kabla ya kumfahamu kama mwigizaji. Kila mmoja aliwahi kukabidhiwa mhusika asiyesema. Girardon alianza naye akiwa msichana; Lihamba alimfikia wa kwake baada ya miaka mingi ya jukwaa. Naamini hapo ndipo njia zao zilipoachana.

Kwetu hapa Nangara, Babati, kumtazama mwanamke asiyesikika si jambo geni. Kabla simu hazijaingia kila mfukoni, filamu za nje zililetwa na banda la video, na banda la video lilikuja na mfasiri wake. Lufufu na waliomfuata hapa Tanzania, DJ Afro na wenzake kule Kenya, walichukua filamu ya Kihindi, ya Kichina au ya Kimarekani wakaivika sauti moja, ya kwao. Jambazi, polisi, bibi harusi na mtoto wote waliongea kwa koo la mwanamume yuleyule, ambaye aliongeza utani wake, akataja mitaa ya mjini, na akimchukia mhusika alimtukana waziwazi. Ni sanaa kamili, siidharau. Ila angalia alichofanyiwa mwigizaji wa kike: sauti aliyoifanyia mazoezi, pumzi aliyoipanga, kigugumizi cha makusudi, vyote vilifunikwa. Kilichobaki ni macho, shingo na mwendo. Na bado banda zima lilijua yupi anaigiza na yupi kawekwa kwa ajili ya urembo. Mtu aliyekulia kwenye yale mabenchi ni hakimu mzuri wa jambo ninalolizungumzia, pengine kuliko mhakiki wa Paris anayesikia kila silabi.

Girardon alizaliwa Lyon mwaka 1938. Mwaka 1956, bado hajatimiza au ndio anatimiza miaka 18, alionekana katika La Mort en ce jardin ya Luis Buñuel, Mhispania aliyekuwa akifanya kazi uhamishoni Mexico. Wakubwa waliomzunguka walikuwa watu wazito: Simone Signoret, Charles Vanel, Georges Marchal, Michel Piccoli. Yeye alipewa María, binti kiziwi asiyesema wa mchimba almasi mzee. Serikali ya kijeshi inawafukuza wachimbaji, kundi dogo linakimbilia msituni, na msitu unawavua mmoja mmoja heshima, imani na akili.

Kwa mwigizaji mchanga, mhusika wa namna hiyo ni kinga na pia ni mtego. Ni kinga kwa sababu hawezi kuharibu sentensi ambayo hana. Ni mtego kwa sababu mwongozaji mvivu atamgeuza picha ya ukutani: uso mzuri wa kupumzishia macho kati ya wanaume wawili wanaogombana. Buñuel hakuwa mvivu. Alimpa María vitu vya kushika na vya kutamani, na mwishoni, baada ya baba kurukwa na akili na kuua wenzake, ni yeye na mtoro mmoja aitwaye Chark tu wanaopanda mtumbwi na kuondoka wakiwa hai. Asiyesema ndiye aliyesalia. Sidhani kama kuna mwongozaji mwingine aliyewahi kumwamini Girardon kiasi hicho.

Miaka miwili baadaye yuko katika Les Amants ya Louis Malle, kama katibu muhtasi. Nafasi ndogo. Aliyebeba filamu ile ni Jeanne Moreau, na inafaa kusimama kidogo kwa Moreau, maana yeye ndiye kipimo. Moreau aliingia Comédie-Française mwaka 1947, kisha akaenda kwenye jukwaa la Jean Vilar, akasimama mbele ya watu usiku baada ya usiku kwa miaka kadhaa kabla kamera za vijana wa Paris hazijamgundua. Ndiyo maana katika filamu nyingine ya Malle ya mwaka huohuo, Ascenseur pour l'échafaud, anaweza kutembea tu usiku, barabara hadi barabara, akimtafuta mwanamume ambaye hatokei, tarumbeta ya Miles Davis ikimfuata nyuma, na mtazamaji asichoke. Anayefikiri kutembea mbele ya kamera ni jambo rahisi amwambie mpwa wake atembee mita hamsini akiwa na jambo moyoni, halafu atazame alichorekodi.

Girardon hakuwa na akiba hiyo. Alikuwa na uso ambao kamera iliupenda, na alikuwa na uvumilivu. Éric Rohmer alimtumia katika filamu yake ndefu ya kwanza, Le Signe du lion, iliyopigwa kiangazi cha 1959 lakini ikakaa kabatini hadi 1962. Katikati ya kusubiri huko ndipo Howard Hawks alipomwita.

Hapa wasomaji wa Manyara mtanivumilia nikichelewa kidogo. Hatari!, filamu ya Hawks, ilianza kupigwa mwishoni mwa mwaka 1960, kambi ikiwa Momella chini ya Mlima Meru, na misafara ikiteremka hadi Ngorongoro na kwenye tambarare za Ziwa Manyara. Kutoka Nangara unapita Magugu, Minjingu, unafika Makuyuni, unakata kushoto kuelekea Mto wa Mbu, na uko ndani ya mandhari ya filamu ile. Hifadhi ya Ziwa Manyara ilikuwa ndiyo kwanza imetangazwa, mwaka 1960. Babati ilikuwa chini ya Wilaya ya Mbulu, Jimbo la Kaskazini. Mkoa wa Manyara ungezaliwa mwaka 2002. Waliokuja ni John Wayne, Mjerumani Hardy Krüger, Mwitaliano Elsa Martinelli, Red Buttons, Mfaransa Gérard Blain, na Girardon.

Habari inayopendwa kusimuliwa kuhusu filamu hii ni kwamba waigizaji walikimbiza wanyama wenyewe, na ni kweli. Hawks aliacha mswada ulegee ili ufuate walichofanikiwa kukamata siku hiyo: wakipata kifaru, onyesho la kifaru. Mbinu hiyo iliipa filamu nguvu ambayo haijachakaa, na Russell Harlan aliteuliwa kuwania Oscar kwa upigaji picha wake. Lakini fikiria maana yake kwa mwigizaji ambaye mhusika wake hapandi yale malori. Muda wa filamu, dakika zaidi ya 150, unagawanywa na wanyama. Watu wa nyumbani wanapewa makombo.

Girardon ni Brandy. Baba yake aliuawa na kifaru, naye amerithi kampuni ya kukamata wanyama. Kwa karatasi, kila mtu pale ameajiriwa naye. Mwenye mali ni Brandy, amri anatoa John Wayne. Hadithi ingeweza kuishi ndani ya pengo hilo: msichana aliyelelewa na wafanyakazi wa baba yake sasa ndiye bosi wao. Hawks akaliacha lipite. Swali pekee analomwachia ni nani kati ya wanaume watatu atakayempata, mara wanaume hao wanapogundua ghafla kwamba mtoto amekua.

Tena aliingia kazini bila Kiingereza, akajifunza humohumo, kazi ikiendelea. Mwigizaji wa namna hiyo hana nafasi ya kucheza na sentensi, kuivuta, kuikata, kuichelewesha. Anashukuru ikitoka salama. Kwa hiyo Girardon alirudi kule alikoanzia na María: mwili. Na ndipo anapofanya kazi yake bora katika filamu ile. Pockets, mchekeshaji wa kundi, anaanguka kutoka juu ya uzio. Brandy anamhangaikia kwa hofu ambayo hakuwaonyesha vijana wazuri wawili wanaomgombea. Hajatamka kwamba anampenda. Mikono imeshasema, na Wayne aliye pembeni anaelewa pamoja nasi. Banda la video lolote lingecheka mahali hapohapo bila kuhitaji mfasiri.

Siwezi kuandika kuhusu kunyimwa maneno katika Hatari! nikaishia kwa Mfaransa. Filamu ilipigwa katika nchi iliyokuwa ikihesabu miezi kufika Desemba 9, 1961, na ilipotoka mwaka 1962 nchi hiyo ilikuwa tayari na bendera yake. Ndani ya filamu, wenyeji wanashika kamba, wanabeba, wanacheza ngoma. Kiswahili kinasikika kama lugha ya kuamrishana kazi. Girardon alikuwa amebanwa. Wao hata majina ya wahusika walikuwa nayo kwa shida. Krüger aliipenda Momella akanunua shamba huko na kuishi kwa miaka. Henry Mancini akapata wimbo wa mtoto wa tembo ambao unapigwa hadi leo kwenye sherehe za watoto. Girardon akarudi Ufaransa na umaarufu usiokuwa na mhusika ndani yake.

Rohmer alimwita tena katika La Boulangère de Monceau, filamu fupi ya mwaka 1963. Kijana anampenda Sylvie, ambaye ni Girardon, anayempita mtaani. Siku moja Sylvie anatoweka. Kijana, katika kumtafuta, anaingia kila siku kwenye duka la mikate na kuanza kumchezea akili binti anayeuza pale. Mwisho tunajua kwamba Sylvie aliteguka kifundo cha mguu, alikuwa ndani muda wote, na dirisha lake linatazamana na duka. Alikuwa anaona kila kitu, akidhani kijana anakuja kwa ajili yake. Filamu nzima inasimuliwa kwa sauti ya kijana, na hata sauti hiyo si ya mwigizaji aliye mbele yetu bali ya Bertrand Tavernier. Sylvie hana msimulizi. Ana dirisha tu, nalo hatulioni hadi tumeambiwa.

Bubu wa msituni, mrithi asiyeamrisha, mwanamke wa dirishani: waongozaji watatu wakubwa, na wote waliona kitu kilekile kwa Girardon, utulivu unaovutia jicho, wakautumia na kumrudisha. Aliendelea na nafasi ndogo katika miaka ya 1960 na mwanzoni mwa 1970. Machi 1975 alijiua, Lyon, akiwa na miaka 36. Waandishi wa sinema wamezoea kulichukua tukio kama hilo na kulirudisha nyuma juu ya kila picha, ili kila tabasamu liwe dalili. Sifuati mtindo huo. Ninachokiona katika filamu ni suala la kazi, si la majaliwa: hakuwa na kundi. Godard alikuwa na Anna Karina, Chabrol alikuwa na Stéphane Audran, Moreau alikuwa na jukwaa lililomlea. Girardon alikuwa mgeni kila mahali alipoitwa, Mexico, Momella na hata Paris.

Amandina Lihamba alikuwa na kundi, na kundi hilo lilikuwa kazi yenyewe. Idara ya Sanaa za Maonyesho pale Chuo Kikuu ilikua katika miaka ya Azimio la Arusha, wakati jukwaa la Tanzania lilipokuwa limejaa maneno pengine kuliko wakati wowote. Zilikuwa zama za ngonjera. Watoto walijipanga mistari miwili, mmoja hajui ujamaa, mwingine anamwelimisha, na mwisho wote wanakubaliana. Shule zetu huku Babati zilicheza ngonjera hizo kama shule nyingine zote. Lihamba aliliangalia jambo hili kwa jicho la mtafiti: tasnifu yake ya udaktari, aliyoimaliza Leeds mwaka 1985, inahusu siasa na maonyesho ya jukwaani Tanzania tangu Azimio hadi 1984. Mtu aliyetumia miaka kuchunguza jinsi jukwaa linavyoweza kuongea sana bila kusema kitu ana sababu nzuri ya kuuheshimu ukimya.

Mwaka 1980 ilichapishwa tamthilia yake Hawala ya Fedha, iliyotokana na kisa cha Msenegali Ousmane Sembène, kilichoandikwa kwa Kifaransa na baadaye kufanywa filamu ya Mandabi mwaka 1968. Mzee anapokea hawala kutoka kwa ndugu aliye ughaibuni, na ofisi zinamzungusha hadi hawala inamletea hasara. Hakuna Mtanzania wa miaka ile ya foleni na vibali aliyehitaji kufafanuliwa. Mwaka 1992 ikaja Mkutano wa Pili wa Ndege. Kati ya hapo kulikuwa na Paukwa, kundi la wasanii wa chuo lililotunga kwa pamoja, likichanganya usimulizi, ngoma na majibizano na hadhira. Mwigizaji wa Paukwa hakungoja zamu yake ya kusema. Alikuwa jukwaani muda wote, mara msimulizi, mara mti, mara umati, na alipaswa kujua la kufanya na mwili wake wakati mwenzake anasikilizwa.

Kisha kuna Malya, wilayani Kwimba, 1982 na 1983. Lihamba, Penina Mlama na Eberhard Chambulikazi walikaa na wanakijiji kutengeneza maonyesho kuhusu tatizo walilolitaja wenyewe, mimba za wasichana. Kwa watu wa fani, Malya ni mfano wa sanaa ya jukwaa kwa maendeleo, na umeandikwa sana. Mimi huuona kama shule ya uigizaji. Msichana wa kijijini mbele ya baba yake na mwenyekiti hawezi kusema analolijua. Atainamisha kichwa, atachora ardhini kwa kidole cha mguu, atacheka pasipochekesha. Anayetaka kufanya naye kazi lazima asome hayo kwanza. Mwaka 1996 Lihamba na Mlama walianzisha Tuseme, mradi wa wasichana wa sekondari kutumia maigizo kutoa yanayowakwaza shuleni. Miaka mingi ya kusoma ukimya wa wasichana ilikuwa imetangulia.

Sasa mtu huyu anapewa Samehe.

Alikuwa ameshaonekana kwenye filamu kabla, katika Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985, iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, inayohusu mwanamke mgonjwa aliyekwama kati ya hospitali na mganga wa jadi. Maangamizi: The Ancient One, ya Martin Mhando na Mulvihill, ilikuwa kubwa zaidi. Daktari Mmarekani mweusi, Asira, anakuja kufanya kazi katika hospitali ya magonjwa ya akili Tanzania. Anamkuta Samehe, mgonjwa aliyejifungia kimya kwa miaka mingi, ambaye anatembelewa na nguvu ya kale, Maangamizi, anayechezwa na Mwanajuma Ali Hassan. Asira ni BarbaraO, aliyekuwa Yellow Mary katika Daughters of the Dust ya Julie Dash, 1991. Kwa hiyo mbele ya Lihamba hakuwekwa mwanafunzi. Aliwekwa mwigizaji mzoefu mwenye maneno, faili, cheo na koti jeupe.

Kimya cha Lihamba pale ni shughuli. María wa Buñuel hasemi kwa sababu hawezi, na Girardon alicheza kutokuweza: macho yanayofuata midomo ya wengine, kuchelewa kidogo kuelewa. Samehe hasemi kwa sababu ya yaliyompata, na Lihamba anacheza kukataa. Anasikia kila kitu. Asira anapozungumza, Samehe haonekani hayupo. Anaonekana anapima kama huyu aliyetoka mbali anastahili kuambiwa. Taratibu daktari anaanza kuonekana ndiye anayechunguzwa. Huwezi kufanya hivyo kwa uso mzuri tu. Ni kazi ya mtu aliyesimama jukwaani mara nyingi akiwa hana zamu, akijua kwamba hadhira ya nyuma kabisa bado inamtazama, kisha akapunguza kila kitu ili kitoshe kwenye kamera iliyo karibu na shavu. Waigizaji wetu wengi wa jukwaani wanapopelekwa kwenye filamu hushindwa hapo, hubaki wakubwa mno. Yeye alipunguza sauti hadi ikaisha, na nguvu ikabaki.

Nina lawama moja kwa filamu. Inapoanza kufafanua sana kuhusu mizimu na asili, inampokonya Lihamba kazi aliyokuwa anaifanya vizuri peke yake. Muziki unatuambia tuogope mahali ambapo yeye alikuwa ametushika tayari.

Mwaka 2001 Tanzania iliipeleka Maangamizi kuwania Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni, mara yetu ya kwanza. Haikuteuliwa. Ilipita miaka ya kutosha mtoto kuzaliwa na kumaliza sekondari ndipo tukapeleka nyingine, Vuta N'kuvute ya Amil Shivji, mwaka 2022, kutoka kwenye riwaya ya Shafi Adam Shafi. Katikati, soko la filamu za video lililochangamka na Girlfriend ya mwaka 2003 lilijengwa zaidi na vijana wa maigizo ya televisheni, wa Kaole Sanaa Group na makundi kama hayo, kuliko na kizazi cha Paukwa. Kaole nao walikuwa kundi, walifanya mazoezi pamoja, na mtazamaji aliona tofauti kati yao na waliookotwa kwa sura. Lakini walilelewa na televisheni, na televisheni ya bei nafuu huogopa kimya. Sababu ni ya kifedha kuliko ya kisanaa: maneno ndiyo njia rahisi kuliko zote ya kusogeza hadithi. Watu wawili kwenye sofa wanaelezana yaliyotokea mahali ambapo kamera haikuwa na nauli ya kufika. Ukipiga sini nyingi kwa siku moja huna saa ya kumngoja mwigizaji afike kwenye ukimya wake. Ndiyo maana tamthilia zetu za sasa zina wanawake wanaoongea bila kupumua, na bado ukitoka hapo huwajui.

Vijana wa Nangara wanaotaka kuanzisha kikundi huniuliza kwanza bei ya kamera. Nami huwauliza kama wamepata darasa la kufanyia mazoezi jioni, wangapi wataendelea kuja mwezi wa sita, na ni nani kati yao atakayekubali kukaa dakika kumi mbele ya wenzake bila kusema, wenzake wakiruhusiwa kuondoka wakichoka.